Bila akaunti, gemu yako inapata apdeti? PS, Xbox na Switch hazijibu sawa

Umenunua mashine ya gemu, umelipia diski, umeunga bando. Unaiwasha, unaingiza diski, na kabla hujaanza kucheza linatokea tangazo kwenye skrini: gemu hii ina sasisho jipya. Wakati mwingine ukikubali, linashuka lenyewe. Wakati mwingine unaulizwa kwanza jina, barua pepe, tarehe ya kuzaliwa na nchi unayoishi.

Hapo ndipo swali linapoanza. Je, ni lazima uwe na akaunti ya mtandaoni ili gemu uliyoilipia ipate apdeti? Jibu linategemea mashine uliyonayo, namna ulivyoipata gemu yenyewe, na aina ya apdeti unayoitaka. Kwa sisi wa Afrika Mashariki kuna jambo la nne: nchi unayoishi.

Kwa ufupi, kama una haraka

- Nintendo Switch: gemu ya kadi inaweza kuapdetiwa bila akaunti. Unachohitaji ni intaneti, na kuna njia ambayo hata intaneti haihitajiki.
- Xbox Series X na Series S: huwezi hata kumaliza kuiandaa mashine bila intaneti na akaunti ya Microsoft.
- PlayStation: unaweza kucheza diski bila akaunti, lakini duka, gemu za kupakua na mambo mengi ya mtandaoni yanaidai.
- Gemu yoyote uliyoinunua kwa kupakua: akaunti ni lazima, kwa mashine zote tatu.

Sasa twende taratibu, maana kila jibu hapo lina "lakini" yake.

Diski siku hizi si gemu nzima

Waliokua na PS2 wanakumbuka. Ulikuwa unaweka diski, unacheza. Kama gemu ina kasoro, inabaki na kasoro yake mpaka mwisho wa dunia. Hakukuwa na sehemu ya kubonyeza "sasisha".

Intaneti ilipoingia kwenye mashine hizi, watengenezaji walipata nafasi ya kurekebisha makosa baada ya gemu kuingia sokoni. Ni jambo zuri. Lakini pia walipata nafasi ya kuuza gemu ambayo haijaiva na kuipika baadaye.

Mfano unaotajwa sana ni Tony Hawk's Pro Skater 5 ya mwaka 2015. Kwenye diski kulikuwa na takriban GB 4.6. Apdeti ya siku ya kwanza ilikuwa GB 7.7, yaani kubwa kuliko kilichokuwemo kwenye diski. Bila apdeti hiyo, mnunuzi alipata sehemu ya mafunzo na ya kutengeneza viwanja, basi.

Mwaka 2020 ikaja Cyberpunk 2077. Ilitoka tarehe 10 Desemba ikiwa na makosa mengi kiasi kwamba, wiki moja tu baadaye, Sony waliiondoa kwenye duka lao la mtandaoni. Ilirudi Juni 2021, baada ya apdeti kadhaa. Aliyenunua diski na hakuwahi kuiunganisha mashine yake na intaneti amebaki na ile gemu ya Desemba.

Kwa hiyo apdeti si nyongeza ya hiari tena. Kwa gemu nyingi ni sehemu ya bidhaa uliyoilipia. Ndiyo maana swali la nani anashika mlango wa apdeti ni swali la hela yako.

Mashine tatu, majibu matatu

Tuanze na *Nintendo Switch*, ambayo ndiyo yenye jibu jepesi. Mashine hii ilitoka Machi 2017. Ukiwa na gemu ya kadi, unaichagua, unabonyeza kitufe cha kujumlisha, unaenda kwenye sehemu ya kusasisha programu, na apdeti inashuka kwa intaneti. Hakuna anayekuuliza wewe ni nani. Akaunti ya Nintendo inadaiwa pale unapotaka kuingia kwenye duka lao, kununua au kupakua kitu.

Na kuna njia nyingine ambayo wengi hawaijui. Switch mbili zikiwa karibu, moja ikiwa na toleo jipya la gemu, ile nyingine inaweza kulichukua toleo hilo moja kwa moja kutoka kwa mwenzake bila kupitia intaneti. Hebu fikiria hilo kwa nchi ambayo watu wanahesabu bando mpaka MB ya mwisho. Mmoja wenu anapakua, wengine mnagawana.

*Xbox* iko upande wa pili kabisa. Xbox Series X na Series S, zilizotoka Novemba 2020, zinakudai intaneti na akaunti ya Microsoft siku ya kwanza unapoiandaa mashine. Yaani swali letu linaisha kabla halijaanza: huwezi kufika kwenye apdeti bila kwanza kujisajili. Series S haina hata sehemu ya kuweka diski, kwa hiyo kila gemu yake inapitia kwenye akaunti.

*PlayStation* ipo katikati. PS4 na PS5 zinakuruhusu kutengeneza mtumiaji wa humohumo kwenye mashine, bila akaunti ya mtandao wa PlayStation, ule unaoitwa PSN. Unaweka diski, unasubiri ijipange, unacheza. Kwa gemu ya diski, faili la apdeti limefungwa kwenye gemu yenyewe, halijafungwa kwenye jina la mtu. Apdeti ya mfumo wa mashine nayo unaweza kuipakua kwa kompyuta kutoka tovuti ya PlayStation, ukaiweka kwenye flashi na kuichomeka. Xbox pia wana njia ya flashi kwa apdeti ya mfumo.

Lakini usichanganye mambo. Flashi inasaidia apdeti ya *mashine*, haisaidii apdeti ya *gemu*. Hizo ni apdeti mbili tofauti, na watu wengi wamewahi kubeba flashi mpaka kwenye intaneti kafe wakitegemea kurudi na gemu mpya.

Ulinunua nini hasa: diski au ruhusa?

Hapa ndipo tofauti kubwa ilipo. Ukinunua diski, uthibitisho kwamba gemu ni yako ni ile diski yenyewe. Ukiiweka, mashine inaamini. Ukimwazima jirani, naye inamkubali.

Ukinunua gemu kwa kupakua, uthibitisho ni jina lako kwenye seva za kampuni. Huna kitu mkononi. Una ruhusa, na ruhusa hiyo imeandikwa kwenye akaunti. Apdeti inaweza kuwa bure, lakini gemu inayopokea apdeti hiyo haifunguki bila akaunti iliyoilipia.

Jimbo la California huko Marekani liliona watu hawaelewi jambo hili. Kuanzia Januari 2025, sheria yao inayataka maduka ya mtandaoni yamwambie mnunuzi wazi kwamba anapewa leseni ya kutumia na si umiliki, kama kweli kampuni inaweza kuja kuiondoa gemu hiyo baadaye.

Mpaka kati ya hivi viwili nao unafifia. Nintendo Switch 2, iliyotoka Juni 2025, ina aina ya kadi ambazo ndani yake hamna gemu, kuna ufunguo tu. Unaichomeka, gemu inapakuliwa kwa intaneti, halafu kadi inabaki kama ufunguo wa mlango. Unaweza kuiuza au kumwazima mtu. Lakini bila intaneti ya mara ya kwanza, umenunua plastiki.

Apdeti ambayo vijana wanaitaka kweli: vikosi

Tuwe wakweli. Kwenye vibanda vingi vya gemu mitaani kwetu, gemu namba moja ni mpira. Na mchezaji wa mpira akisema "hii haijaapdetiwa", mara nyingi hazungumzii makosa ya programu. Anazungumzia vikosi.

Chukua FIFA 20. Ilitoka Septemba 2019, Mbwana Samatta akiwa Genk ya Ubelgiji. Januari 2020 akasajiliwa na Aston Villa, akawa Mtanzania wa kwanza kucheza na kufunga Ligi Kuu ya England. Mtaani kila mtu alitaka kucheza na Villa. Lakini ukiweka diski ya FIFA 20 bila kuiunganisha popote, Samatta bado yuko Genk. Mpaka leo.

Jambo hilohilo lilijirudia kwa Kylian Mbappé. Diski ya EA Sports FC 24, iliyotoka Septemba 2023, inamjua akiwa PSG. Kiangazi cha 2024 akaenda Real Madrid.

Apdeti ya vikosi haiko kwenye lile faili linaloshuka lenyewe unapoweka diski. Ipo ndani ya gemu, na unaipata kwa kuunganishwa na seva za EA. Ili uunganishwe nazo, lazima uwe umeingia kwenye akaunti ya mashine yako, na pia uwe na akaunti ya EA. Akaunti mbili, kampuni mbili, kumhamisha mchezaji mmoja kutoka timu moja kwenda nyingine.

Kwa hiyo mtu akikwambia "PlayStation haihitaji akaunti", muulize anazungumzia apdeti ipi. Ya kurekebisha makosa? Anaweza kuwa sahihi. Ya usajili wa dirisha la Januari? Hapana.

Na eFootball ya Konami, iliyochukua nafasi ya PES mwaka 2021, ni ya bure. Lakini kwa kuwa unaichukua kwenye duka la mtandaoni, bure hiyo nayo inaanzia kwenye akaunti.

"Chagua nchi yako"

Sasa tufike kwenye jambo linalotuhusu sisi moja kwa moja.

Unapojisajili PSN, unaambiwa uchague nchi. Unashuka kwenye orodha. Afrika Kusini ipo. Oman ipo. Tanzania haipo, Kenya haipo. Mashine zinauzwa Kariakoo na Nairobi kila siku, lakini mtandao unaozihudumia hautambui kwamba sisi tupo.

Watu wanafanya nini? Wanachagua Uingereza, Marekani au Afrika Kusini, wanaandika anwani ya kubuni, wanaendelea na maisha. Inafanya kazi. Ila inakuja na gharama tatu.

Kwanza, masharti uliyoyakubali yanakutaka utoe taarifa za kweli. Umeanza uhusiano wenu kwa kudanganya, na siku kampuni ikiamua kuwa mkali, huna pa kusimamia.

Pili, PSN haikuruhusu kubadilisha nchi ya akaunti baadaye. Ukichagua Marekani leo, ni Marekani mpaka ufungue akaunti nyingine, na gemu ulizonunua zinabaki kwenye ile ya zamani.

Tatu ni malipo. Kadi yako ya benki ya hapa haiendani na nchi uliyoandika, kwa hiyo unatafuta vocha. Na vocha za PSN nazo zina nchi. Ya Uingereza haiingii kwenye akaunti ya Marekani. Ukikosea kununua, pesa imekwenda.

Dunia iliuona mgogoro huu Mei 2024. Gemu ya Helldivers 2, iliyotoka Februari mwaka huo, ilikuwa inachezwa kwenye kompyuta bila shida. Ghafla Sony wakatangaza kwamba wachezaji wa kompyuta lazima waunganishe akaunti ya PSN. Tatizo: gemu ilishauzwa kwa watu wa nchi ambazo PSN haipo. Kwenye duka la Steam ikaondolewa katika nchi na maeneo 177 yasiyo na huduma hiyo. Wachezaji wakamwaga maoni mabaya zaidi ya laki mbili. Ndani ya siku chache tu Sony wakarudi nyuma.

Januari 2025 Sony walilegeza tena, wakasema baadhi ya gemu zao za kompyuta, ikiwemo God of War Ragnarök, hazitadai PSN kwa lazima. Hiyo ni gemu ya mtu mmoja, anacheza peke yake chumbani. Ni vigumu kueleza kwa nini iliwahi kuidai.

Kwa nini wanaitaka akaunti yako?

Kampuni zina hoja, na baadhi ni za msingi. Akaunti inatunza kumbukumbu ya ulichonunua. Mashine ikiibiwa au ikiungua, unaingia kwenye nyingine na gemu zako zipo. Akaunti inamsaidia mzazi kuweka mipaka ya muda na matumizi ya mtoto. Inasaidia kuwafungia wanaodanganya kwenye mechi za mtandaoni.

Lakini hakuna hata moja kati ya hoja hizo inayoeleza kwa nini *apdeti* ya gemu ya diski ihitaji jina lako. Nintendo wametuonyesha kwamba kitaalamu inawezekana kutoa apdeti bila kumuuliza mtu chochote. Kwa hiyo Microsoft wanapodai akaunti tangu mlangoni, huo ni uamuzi wa kibiashara. Mwenye akaunti anajulikana anacheza nini, saa ngapi, ananunua nini. Mwenye diski peke yake hajulikani.

Na taarifa hizo zikiwekwa sehemu moja, huwa chambo. Aprili 2011 wadukuzi waliingia PSN na taarifa za takriban akaunti milioni 77 zikawa hatarini. Mtandao ulizimwa kwa zaidi ya wiki tatu. Mwaka 2013 mamlaka ya taarifa binafsi ya Uingereza iliwatoza Sony faini ya pauni 250,000 kwa tukio hilo.

Hata bila wadukuzi, seva zinaanguka. Februari 2025 PSN ilizimika kwa takriban saa 24, mwishoni mwa wiki, dunia nzima. Wenye usajili wa PlayStation Plus walifidiwa siku tano za nyongeza. Kadiri mambo mengi yanavyopitia kwenye akaunti, ndivyo siku ya hitilafu inavyowagusa wengi, hata ambao hawakuwa na mpango wa kucheza na mtu yeyote mtandaoni.

Mashine moja, wachezaji hamsini

Mfumo wa akaunti umejengwa juu ya picha fulani ya mteja: mtu mmoja, mashine moja sebuleni, kadi moja ya benki, intaneti isiyokatika. Kuna watu wanaishi hivyo. Mwenye kibanda cha gemu haishi hivyo.

Kwake mashine moja inatumiwa na watu hamsini kwa siku, kila mmoja analipia mechi yake na kumwachia pedi anayefuata. Akaunti ya nani itumike? Kwa kawaida ni ya mwenye kibanda, au ya fundi aliyemuuzia. Nenosiri limeandikwa kwenye simu ya mtu mwingine, na barua pepe iliyotumika kujisajili hakuna anayeikumbuka.

Sasa ongeza gharama ya intaneti. Ile apdeti ya GB 7.7 tuliyoitaja, kwa kasi halisi ya Mbps 10, inachukua kama saa moja na dakika arobaini bila kukatika. Kwa bando za GB moja moja, ni bando nane. Hapo ni gemu moja, apdeti moja. Mwenye mashine nne anaweza kulazimika kufanya hivyo mara nne, asipokuwa na njia ya kugawana toleo la gemu kati ya mashine zilizo karibu.

Xbox wana nafuu kidogo: unaweza kubeba gemu iliyokwisha kuapdetiwa kwenye hadi diski ya nje, ukaichomeka kwenye Xbox nyingine, mradi una diski yake au akaunti iliyoinunua. PS5 nayo inaruhusu kuhifadhi gemu zake kwenye hadi diski ya nje ya USB, lakini haziwezi kuchezwa kutoka humo. Lazima kwanza uzihamishie ndani ya mashine.

Ndiyo maana wengi wameishia kwenye mashine za zamani zilizowekwa chipu, ambazo zinakaa mbali na intaneti makusudi. Ukiuliza, utaambiwa ni kwa sababu ya bei, na ni kweli bei ni kubwa. Lakini kuna sababu ya pili isiyosemwa: ile njia halali nayo haikututengea mlango wetu.

Kabla hujatoa hela

Kama unanunua mashine ya mkononi, iliyotumika au "full gemu", fanya haya ukiwa bado dukani:

1. *Uliza gemu zilizo ndani ni za akaunti ya nani.* Kama ni za muuzaji, ujue umekodishiwa. Siku akibadilisha nenosiri au akiizima akaunti kwenye mashine yako, kwenye PS4 utaona alama ya kufuli na mchezo umeisha, hata kama gemu ina apdeti mpya kabisa.

2. *Taka akaunti ya zamani itolewe na mashine irudishwe kama ilivyotoka kiwandani.* Muuzaji akisitasita, hapo una jibu lako.

3. *Jaribu apdeti hapohapo.* Washa hotspoti, weka diski moja, nenda kwenye menyu ya gemu na utafute sehemu ya kuangalia sasisho. Dakika tano hizo zitakuonyesha kama mashine inakubalika mtandaoni.

4. *Kama ni PS5 ya diski ya kuchomoa,* ile ndogo iliyotoka mwishoni mwa 2023, kumbuka sehemu ya diski inahitaji intaneti mara moja ili ikubaliane na mashine. Ukinunua sehemu hiyo peke yake, iunganishe siku hiyohiyo, usisubiri.

5. *Ukifungua akaunti, tumia barua pepe yako halisi na washa uthibitisho wa hatua mbili.* Fundi akusaidie kubonyeza, sawa. Asiwe yeye mwenye ufunguo.

6. *Akaunti ya mtoto ifunguliwe na mzazi.* Usidanganye umri ili kupita haraka. Vizuizi vya matumizi vinafanya kazi pale tu mashine inapojua kwamba anayecheza ni mtoto.

Kelele zinasaidia, lakini za nani?

Mambo haya hayajaandikwa kwenye jiwe. Mwaka 2013 Microsoft walitangaza kwamba Xbox One italazimika kuunganishwa na intaneti angalau mara moja kila saa 24, vinginevyo gemu hazichezeki. Watu wakachachamaa. Tarehe 19 Juni mwaka huohuo, kabla mashine haijaingia sokoni, sharti likafutwa. Mwaka 2022 wakaondoa pia ukaguzi wa mtandaoni uliokuwa unafanyika ukiweka diski nyingi za Xbox One kwenye Series X.

Ulaya nako, baada ya Ubisoft kuzima seva za gemu ya The Crew mwaka 2024 na kuiacha haichezeki kabisa, ilianza kampeni ya kuzitaka kampuni ziache gemu katika hali ya kuchezeka hata zikiacha kuzihudumia. Julai 2025 ombi lao rasmi kwa Umoja wa Ulaya lilivuka saini milioni moja.

Angalia nani aliyesikilizwa: wanunuzi wa Marekani na Ulaya, ambao soko lao kampuni inaliona kwenye vitabu vyake. Sisi tunanunua kupitia Dubai, kupitia mizigo ya ndugu, kupitia akaunti zilizoandikwa London. Kwenye takwimu zao sisi ni Waingereza, Wamarekani na watu wa Afrika Kusini. Mteja ambaye hayupo kwenye orodha hana namba ya kupiga kulalamika.

Lakini hatuko mikono mitupu. Tanzania ina Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, na Kenya ina yake ya 2019. Zinamhusu pia kijana anayelazimishwa kutoa tarehe ya kuzaliwa na barua pepe ili acheze mpira. Na kuna jambo dogo ambalo waingizaji na wauzaji wa hapa wanaweza kulifanya bila kusubiri Tokyo wala Redmond: kubandika kwenye boksi, kwa Kiswahili, mistari mitatu. Mashine hii inahitaji akaunti au haihitaji. Nchi yako imo kwenye huduma au haimo. Gemu iko yote kwenye diski au lazima upakue, na ni GB ngapi.

Mpaka lebo hiyo itakapokuwepo, muulize muuzaji mambo hayo matatu wewe mwenyewe, kabla hela haijatoka mfukoni.